Jina Langu Halitoki Kwenye Karatasi ya Kura

Nyamazeni sasa, wanangu, mnisikie. Hollis, zima hiyo televisheni. Lavonia, niongezee mto mmoja mgongoni, na huu mrija wa hewa unaonikuna pua ulegeze kidogo, maana nitasema kwa muda mrefu na sitaki mtu anikatize. Na wewe Thurman, ondoa mkono kwenye hiyo kalamu. Karatasi yako iache hapo hapo juu ya blanketi, naiona, sijapofuka. Nitaishughulikia nikimaliza. Tangu saa nane mchana umesimama mlangoni na suti yako kama mtu aliyekuja kupima nyumba ya kuuza. Vuta kiti ukae, kama mtoto niliyemzaa.

Mimi ni Orzella Mayhew, binti wa Dewitt na Cora Tubbs. Nina miaka themanini na minne. Nilifundisha darasa la tatu kwa miaka kumi na tisa, nikawa mbunge wa Kaunti ya Pruett katika Bunge la jimbo kwa miaka thelathini, na akili zangu ni timamu kuliko za wengi waliokaa nami humo. Nasema hivyo ili kesho asije mwanasheria akadai bibi kizee alikuwa anaweweseka kwa dawa. Dawa ya leo asubuhi niliikataa makusudi. Maumivu ninayo, na nitasema nayo.

Nianze na mali, ni kidogo, itaisha haraka. Nyumba hii ni ya Hollis, na jambo hilo nimeshaliandikisha mahakamani, kwa hiyo asiwepo wa kununa. Thurman, wewe una nyumba ya matofali mji mkuu, yenye bwawa ambalo sijawahi kuona mtu akiogelea. Hollis alirudi kwangu na mfuko mmoja wa karatasi na viatu ambavyo si vyake. Lavonia, eka sitini za misonobari ambazo baba yenu Roscoe alizipata kwa mgongo wake ni zako. Kampuni za mbao zitakuja na maneno laini na keki ya limau. Kuleni keki, msitie sahihi.

Thurman, nawe nimekuwekea kitu. Chini ya ngazi kuna masanduku matatu ya barua. Chuo kikuu kiliyaomba, kikaahidi kuyaweka kwenye chumba chenye jina langu, nikakataa. Ni barua nilizoandikiwa na watu wa Pruett kwa miaka thelathini: mama ambaye barabara imemzuia kufika kanisani, mzee aliyeonewa na polisi, msichana aliyetaka shairi lake lisomwe Bungeni. Utazisoma zote. Kwa macho yako, si kwa macho ya katibu wako.

Mali imeisha. Sasa nije kwenye lililonikaa kooni.

Mmesikia vipande vipande, wengine mmesikia kwa majirani, kwa hiyo nitaeleza lote. Mwezi wa nne nilimwambia Hollis anipeleke kwa karani wa kaunti, nikajiandikisha kugombea ubunge. Kiti kile kile nilichokikalia mimi, ambacho mwanangu wa kwanza anakikalia leo. Katika mchujo wa chama chetu mwezi wa nane majina yatakuwa mawili tu: Mayhew, Orzella, na Mayhew, Thurman. Mimi niko juu, kwa sababu herufi yangu inatangulia, na karani alipoona hivyo alicheka mpaka akashika meza. "Bi Orzella," akaniambia, "una hakika?" Nikamwambia, mwanangu, andika.

Karatasi hiyo mnayoiona juu ya blanketi ni ya kujitoa. Thurman ameendesha gari kwa saa tatu kuileta. Nikiitia sahihi, yeye anabaki peke yake, na watu wa Pruett hawana haja hata ya kwenda kituoni. Ofisi ya karani inafungwa leo Ijumaa saa kumi na moja, na ikishafungwa, jina lililomo limo. Basi ndiyo sababu anaangalia saa yake kila mara, msidhani ana haraka ya kwenda kuniombea.

Nitawaambia kwa nini nilijiandikisha. Lazima nianzie kwa Earline, na msiniambie mmeshaisikia. Mmeisikia ikiwa imepunguzwa.

Earline alikuwa dada yangu mkubwa, ana miaka ishirini na miwili, ana mwanya hapa mbele, na alikuwa akiimba alto kanisani Mlima Nebo kiasi kwamba mchungaji alisahau mahubiri. Mwaka hamsini na nane alishikwa na uchungu Jumanne asubuhi, na mtoto akawa amekaa vibaya. Mkunga, Bi Tempie, akatoka chumbani amepauka, akasema hili si langu, mpelekeni hospitali. Tukampeleka hospitali ya kaunti, pale Harlow, dakika kumi na mbili kutoka hapa. Muuguzi akatukuta mlango wa nyuma. Akasema kitanda cha weusi kina mtu. Kitanda, wanangu, si vitanda. Kimoja, kwenye chumba cha chini, karibu na tanuri la maji moto. Juu kulikuwa na vitanda vitupu, niliviona dirishani, mashuka yamenyooshwa.

Mama yangu akapiga magoti pale pale kwenye saruji. Yule muuguzi akamwambia, "Simama, Cora, unaniaibisha."

Tukamrudisha Earline kwenye pikapu ya Dock Sims, tukaelekea mjini, maili sitini na nne. Mimi nilikaa nyuma, kichwa chake kikiwa mapajani mwangu. Alikuwa akiniambia, "Ozi, niimbie, mimi siwezi." Nikaimba. Sina sauti nzuri, mnanijua. Alifariki kabla hatujavuka mto, na mtoto hakutoka. Dock aliendelea kuendesha kwa maili kumi na tano nyingine kwa sababu sikumwambia. Niliendelea kuimba. Nilikuwa na miaka kumi na tisa.

Huo ndio mwanzo wa ubunge wangu. Watu wa magazeti walipokuwa wakiniuliza nilisema niliingia siasa kwa sababu ya haki na usawa. Uongo. Niliingia kwa sababu ya vitanda nilivyoviona dirishani.

Mwaka sabini na tisa mahakama iliwalazimisha wakuu wa jimbo wachore upya mipaka ya uchaguzi, na watu wetu wakapata eneo ambalo kura zao hazikukatwa vipande. Nikagombea. Baba yenu alibeba mabango kwenye lori la magogo. Nilipofika Bungeni nikakuta kila meza ina kipaza sauti, na vyote vinawashwa na Spika kutoka kwenye kiti chake. Spika alikuwa Burl Stanfill, mtu wa milimani, shingo nene, tabasamu kama la mwuza magari. Kwa miaka miwili hakuwasha changu hata mara moja. Nasimama, nainua mkono, ananitazama, anasema, "Bunge halimsikii Bibi kutoka Pruett." Basi mimi nilikuwa mwalimu wa darasa la tatu, watoto arobaini kwenye chumba kimoja. Nikaanza kusema bila kipaza sauti. Siku ya kwanza walicheka. Siku ya pili mzee mmoja wa upande wao akamwambia Stanfill, "Burl, washa hicho kitu, ananipasua masikio."

Kila mwaka nilipeleka muswada wangu: hospitali yoyote ya kaunti inayochukua fedha za jimbo lazima iwe na wodi ya wazazi na mtu wa kuzalisha, usiku na mchana. Kila mwaka waliuzika kwenye kamati. Mara kumi na moja. Mara kumi na moja nilirudi nyumbani nikapita mbele ya hospitali ile, nikatazama mbele.

Mwaka tisini Stanfill akaniita ofisini. Ilikuwa asubuhi, anakunywa soda ya chupa aliyomwagia karanga ndani, anakunywa na kutafuna. Akasema, "Bibi Mayhew, wewe unataka wodi yako. Mimi nina muswada wa dawa za kulevya, mtu akikutwa nazo miaka kumi na tano, hakuna kupunguziwa, hata siku moja. Nimepungukiwa kura tisa. Watu wako ni tisa."

Nikamwambia, "Hiyo sheria ni mbaya."

Akasema, "Ndiyo. Wodi ni nzuri. Unaondoka na ipi?"

Nilikwenda kwa wenzangu. Mchungaji Amos Quarles, ambaye tulikaa meza moja miaka yote, akanishika kiwiko pale kwenye ngazi za marumaru. "Orzella, unajua watakaofungwa ni watoto wa nani?" Nikamjibu kwa kiburi, na jibu hilo nimeliona kila siku nikifumba macho. Nikamwambia, "Watoto wa wale wasiowalea." Akaniachia kiwiko. Lakini alipiga kura nilivyomwomba, na wote wanane wakapiga. Sheria yao ikapita saa nne asubuhi, wodi yangu ikapita saa nane mchana ya siku hiyo hiyo. Nilisimama nikalia mbele ya Bunge zima, na Stanfill akawasha kipaza sauti changu ili kilio kisikike vizuri.

Wodi ilifunguliwa mwaka uliofuata. Vitanda sita. Ghorofa ya juu, upande wa jua. Lavonia alikuwa muuguzi wa kwanza kuajiriwa pale, na yeye ndiye aliyenipa mikononi mtoto wa kwanza kuzaliwa humo. Nikamshika nikawaza, Earline, huyu hapa.

Lavonia, nipe maji. Kidogo. Sifongo inatosha.

Miaka mitano baadaye, Hollis wangu, ana miaka ishirini na mitatu, anaendesha gari la rafiki yake, na kwenye buti kuna mfuko ambao hata sasa sijui aliujua au hakuujua. Usiseme, Hollis. Sikuwahi kukuuliza na sitakuuliza leo. Nilikaa mahakamani safu ya pili. Hakimu alisoma namba ya sheria, na mimi namba ile niliijua kwa moyo, maana nilikaa nikihesabu kura zake. Akasema, "Mikono yangu imefungwa na Bunge." Akanitazama. Mahakama nzima ikanitazama. Wewe peke yako, Hollis, ulitazama dirishani.

Kumi na tano. Hawakupunguza hata siku moja, na waliopiga kura kuwa isipunguzwe niliwaleta mimi.

Nilikwenda kumwona kila Jumamosi ya pili ya mwezi. Na nataka wewe Thurman usikie hili, maana hukuwahi kuniuliza tuliongea nini kule. Mara ya kwanza tu, amekaa nyuma ya kioo na lile shati lao, aliniuliza, "Mama, wodi inaendeleaje?" Nilidhani ananichoma. Nikamtazama, nikaona anauliza kweli. Nikamwambia, watoto kumi na wanane mwezi huu. Akaitikia kwa kichwa kama mtu aliyepokea mshahara. Tangu siku hiyo kila mwezi nilimpelekea idadi. Lavonia alikuwa akiniandikia kwenye kipande cha karatasi. Mwezi fulani walizaliwa pacha mara tatu, akacheka mpaka mlinzi akaja. Hiyo ndiyo ilikuwa faida yake. Alikuwa akitumikia kile kifungo, na hao watoto ndio walikuwa sababu yake ya kuamka. Miaka kumi na tano.

Sasa fahamuni kwa nini nimekasirika. Sijakasirika kama mama ambaye mwanawe hampigii simu. Nimekasirika kama mtu aliyeibiwa.

Mwaka wangu wa thelathini Bungeni nilichoka. Miguu ilikuwa imevimba, baba yenu amekufa, nikaona kijana wangu wa kwanza ni mwanasheria, anasema vizuri, anavaa vizuri. Nikasimama kanisani Mlima Nebo nikasema, "Mmenipa Mayhew miaka thelathini, nawaachia Mayhew mwingine." Watu wakapiga makofi. Hilo nalo ni kosa langu, liandikeni. Kiti kile ni cha watu wa Pruett. Mimi nilikigawa kama anayegawa sahani za marehemu bibi yake.

Halafu miaka miwili iliyopita likaletwa pendekezo la kufuta kile kifungu changu, kwamba hospitali za kaunti zisilazimishwe tena kuwa na wodi ya wazazi. Hamsini na tisa kwa hamsini na nane. Nilisoma orodha ya kura kwenye kompyuta ya Lavonia, jina moja moja, kidole changu kwenye kioo, nikafika kwenye Mayhew.

Nikampigia simu. Akasema, "Mama, niko kwenye kikao."

"Kikao kimeahirishwa saa sita. Nimekiangalia."

"Mama, sikiliza. Wodi ile ilikuwa inazalisha watoto wasiofika mia mbili kwa mwaka. Hesabu zinagoma. Ingefungwa tu, na mimi au bila mimi."

"Imepita kwa kura moja, Thurman. Bila wewe isingepita."

Nikamuuliza, "Wamekupa nini?"

"Hawajanipa kitu. Nitaongoza kamati ya barabara. Unajua barabara za Pruett zitafaidika vipi?"

Nikamwambia, ndiyo, watu watazihitaji, maana watazalia humo.

Na hapo ndipo aliposema neno ambalo limenilaza kitandani kabla ya huu ugonjwa. Alisema, "Ungefanya hivyo hivyo, Mama. Ulifanya hivyo hivyo mwaka tisini. Mimi nimejifunza kwako."

Nilikata simu. Sikuikata kwa sababu alisema uongo.

Nimelifikiria neno hilo miaka miwili, mwanangu, na jibu langu ni hili, lipokee mbele ya ndugu zako. Ni kweli niliuza. Niliuza watoto wa wenzangu, na Mungu akaniletea bili kwa jina la mwanangu mwenyewe. Sitasimama mbele yake nikajitetea. Lakini nilichonunua nilikiacha Pruett, na mtu yeyote aliweza kupanda ngazi akakiona, vitanda sita upande wa jua. Wewe ulichonunua unakaa juu yake, kina mgongo mrefu na magurudumu. Hukufuta kifungu cha sheria, Thurman. Umechukua miaka kumi na tano ya Hollis ukaibadilisha na kiti cha ofisini, na hukumuuliza, na Krismasi ukaja ukakaa naye meza moja ukala nyama yake aliyochoma yeye.

Usilie. Sijamaliza, na machozi yako yamechelewa.

Wodi ikafungwa, na hata hapo ningenyamaza. Ndiyo, ningenyamaza, mimi ni mama, nilikuwa nimeshaanza kutafuta maneno ya kukutetea kwa majirani. Mpaka mwezi wa tatu mwaka huu, mchana, mlango ukagongwa, akaingia Jakayla Sims. Mjukuu wa Dock, yule wa pikapu. Ana miaka ishirini na mmoja. Amebeba pai ya viazi vitamu aliyotumwa na bibi yake, ameishika kwa mikono miwili, hajui aiweke wapi.

Nikamwambia, kaa, mwanangu. Akakaa ukingoni. Akasema, "Bibi, samahani. Nataka kuuliza kitu tu. Ni nyinyi mliofunga ile wodi?"

"Nyinyi akina nani?"

"Mayhew. Kwenye mabango imeandikwa Mayhew. Sijui kama ni wewe au mwanao. Kwetu wanasema tu Mayhew."

Nikamuuliza kwa nini anauliza. Akanieleza kwa sauti ya chini, kama mtu anayesoma kitu kilichoandikwa na mwingine. Mwezi wa pili, mvua ya barafu, uchungu umekuja wiki tatu mapema, mama yake anaendesha kwenda mjini. Walifika kituo cha mafuta maili ya arobaini. Alizalia kiti cha nyuma, na mwuza duka alikuja na taulo za karatasi. "Alikuwa wa kike," akasema. "Alilia mara moja. Nilimsikia, Bibi, wasiniambie sikumsikia." Gari la wagonjwa lilifika baada ya dakika hamsini.

Hakuja kugombana nami. Laiti angenitukana. Alikuwa anataka kujua tu ni nani, ili akimkumbuka mtoto ajue amkasirikie nani. Nikamwambia, "Ni sisi." Akasema, "Haya, Bibi. Asante." Akainuka, akaniambia pai iwekwe kwenye friji. Na aliposhika mlango aligeuka akauliza, "Sasa mtaifungua tena?"

Wiki ile ile daktari alikuwa ameniambia sitavuka kiangazi. Nilimuuliza, kiangazi mwanzo wake au mwisho wake? Akasema mwanzo. Basi nilimwita Lavonia nikamwambia, gombea wewe, ulizalisha nusu ya wapiga kura. Akaniambia, "Siwezi kusimama dhidi ya kaka yangu, Mama." Nikatafuta wengine. Mmoja ana mkataba wa barabara. Mmoja mkewe anafanya kazi ofisi ya Thurman. Mmoja alisema, "Bi Orzella, nani atamshinda Mayhew?" Nikasema, Mayhew.

Saa ngapi, Lavonia? Sema kwa sauti, kaka yako asikie.

Kumi na moja na dakika sita.

Kaa, Thurman. Kaa! Hata ukikimbia na hilo gari la serikali, mlango wa karani una komeo, na karani ni mtoto wa darasa langu, hafungui baada ya saa. Ndiyo, nimefanya makusudi. Ulidhani nini? Nilikaa miaka thelathini na watu walionizimia kipaza sauti, nikawaona wakiua miswada yangu bila kuigusa, wanasimama tu wanasema, wanasema, mpaka saa inapita. Wewe ni mbunge, ulipaswa kuniona nikianza. Haya, chukua karatasi yako sasa. Nimesema nitaishughulikia nikimaliza, na nimeishughulikia.

Nipeni maji.

Maagizo yangu ya mwisho, na nitayasema mara moja kwa sababu kifua kimeanza kubana. Karatasi za kura zinapelekwa kuchapishwa Jumatatu. Mimi huenda nisifike mwezi wa nane, jina litafika. Lavonia, utasimama kanisani na kituo cha mafuta na popote watu wanapokaa, utawaambia: mama yangu amekufa na anaomba kura yenu. Watacheka. Waache wacheke, halafu waambie habari ya Jakayla, kama yeye akikuruhusu, mwulize kwanza. Nikishinda, sheria inasema mchujo unarudiwa na watu wapya wanaruhusiwa kujiandikisha. Hapo sitakuwa na la kusema. Uwe wewe, awe Jakayla, awe yeyote mwenye haya. Nikishindwa, basi Thurman utakuwa umemshinda maiti, na kila ukisimama Bungeni utajua ni kura ngapi za Pruett zilimtaka maiti kuliko wewe.

Ofisi ya Spika itapiga simu kutaka jeneza langu lilazwe kwenye ukumbi wa Bunge, chini ya kuba. Kataeni. Sitaki bendera yao. Sitaki azimio lao la rambirambi. Nizikeni Mlima Nebo kando ya Earline, upande wa kushoto, maana wa kulia ni wa mama. Kambare wakaangwe nyuma ya kanisa, kila mtu ale, hata asiyenipenda. Familia ya Sims ikae kiti cha mbele na nyinyi. Mahubiri yawe mafupi. Thurman hatasema neno madhabahuni. Ataimba na wengine, akae.

Sogeeni sasa. Sioni vizuri... huyu ni nani, Hollis? Leta kichwa chako. Kuna neno sikulisema kwako, miaka yote hii, nilikuletea idadi ya watoto tu. Nisamehe. Niliunyoosha mkono mimi mwenyewe nikapiga ile kura. Nisamehe, mwanangu. Usinijibu kwa sababu nakufa... nijibu ukiwa peke yako, ukikaa ndani ya nyumba yako. Mungu akupe mke mwenye kicheko. Akupe usingizi.

Lavonia. Mikono yako. Mikono hii... ibarikiwe, ipate kazi yake tena. Usiogope kupandisha sauti. Hawatakuwashia.

Thurman. Njoo. Njoo huku, acha kusimama huko.

Sijakusamehe. Usije ukawaambia watu mazishini kwamba nilikusamehe mwishoni, sikukusamehe. Ningepata mwaka mmoja, labda... sina mwaka. Lakini wewe ndiye uliyenifanya niitwe mama, ulikuja siku ya mvua, na baba yako alikimbia na wewe barazani kuwaonyesha watu barabarani, hakuna mtu hata mmoja aliyekuwa akipita... Inama. Zaidi. Mkono umekuwa mzito, unyanyue wewe, uweke mwenyewe juu ya kichwa chako.

Hapo. Uache hapo.

Mungu wa baba zangu... amlinde huyu. Akulinde. Asikuache ulale vizuri, mpaka...

Uache hapo hapo, mwanangu. Usiuondoe bado.